Hofu haikuwazuia kuhesabu

Mwandishi wa makala yenu kuhusu elimu ya nyota anasema watu wa kale walitazama mbingu kwa hofu na ushirikina tu, mpaka darubini ilipokuja. Hapo siafiki hata kidogo.

Hofu ilikuwepo, tena kubwa. Mwezi ukipatwa na ishara ikaonekana kumlenga mfalme wa Ashuru, dola ya kale katika Iraki ya leo, mtu mwingine aliwekwa kwenye kiti cha enzi kwa muda ili balaa limwangukie yeye, kisha akauawa. Unyama mtupu. Lakini hofu hiyohiyo ndiyo iliyowakesha waandishi wa Babeli, jirani yake, wakichonga kwenye vibao vya udongo mbichi tarehe, saa na upande wa mwezi ulioanza kuingia giza. Kazi hiyo iliendelea kwa karne nyingi, na humo wakagundua kwamba kupatwa hujirudia baada ya miezi 223 ya mwandamo, yaani miaka 18 na siku kama 11. Bila lenzi hata moja!

Wamaya nao, watu wa kale wa Amerika ya Kati, katika kitabu chao kilichohifadhiwa Dresden, Ujerumani, waliupa mzunguko wa sayari ya Zuhura, yaani muda wa kurudi kuonekana vilevile angani kando ya jua, siku 584. Wastani unaopimwa leo ni siku 583.92. Na ukitazama kurasa zenyewe, kando ya safu za tarakimu utaona miungu ya nyota hiyo ikirusha mikuki. Hesabu na imani viliandikwa na mkono mmoja. Naomba makala ijayo iwape watu hawa haki yao, maana hata saa yetu ya dakika 60 imetokana na hesabu za Babeli.