Kieślowski aliiweka kamera chini, na alikuwa sahihi

Juzi kijana mmoja alituonyesha filamu yake ya makala, na ndani yake kuna mama anapokea simu ya kuambiwa mwanawe amefariki. Kamera haikutikisika. Ilimsogelea mpaka uso wake ukajaa kioo kizima, ikatulia hapo na kumnywa machozi. Taa zilipowashwa watu wakapiga makofi, na mwalimu wake akasimama kusema kwamba huo ndio ujasiri wa msanii. Nimeshindwa kulala na neno hilo. Ujasiri!

Nimemkumbuka Krzysztof Kieślowski, mwongozaji wa filamu wa Poland. Wengi tunamjua kwa zile filamu tatu za rangi, bluu, nyeupe na nyekundu, zilizotoka 1993 na 1994. Kabla ya hapo alikuwa mtu wa filamu za makala, zile za watu na matukio halisi. Shule ya filamu ya Łódź ilimkataa mara mbili kabla ya kumpokea, na alipotoka huko aliutumia karibu muongo wote wa 1970 kuwapiga picha wafanyakazi na wagonjwa wa Poland, nchi ambayo magazeti yake yalikuwa yanaeleza maisha ambayo hakuna aliyeyaishi. Itafute Szpital (Hospitali) ya 1976. Madaktari wa mifupa wamo kwenye zamu ya saa 32, macho mekundu, wanagongelea chuma kwenye mfupa wa mgonjwa, na nyundo inavunjika. Hakuna sauti ya msimulizi inayokwambia serikali imeshindwa. Umeiona nyundo, basi.

Mtu mwenye jicho la namna hiyo ndiye aliyeamua kuacha makala. Hili ndilo linalosemwa kwa haraka kila anapotajwa, kana kwamba alipanda cheo tu kutoka makala kwenda filamu za waigizaji. Hapana. Kulikuwa na sababu, na kwangu mimi sababu hizo ni kubwa kuliko tuzo zake zote.

Mwaka 1977 alitengeneza filamu kuhusu bawabu wa usiku kiwandani, mzee mpenda amri na adhabu, mwenye maoni ya kuogofya kuhusu namna ya kuwanyoosha watu. Filamu ilikuwa nzuri. Televisheni ilipotaka kuirusha, Kieślowski mwenyewe alipinga, kwa kuhofia kwamba majirani wangemdhihaki yule mzee na maisha yake yangeharibika. Angalia vizuri: hakuwa anamlinda mtu anayekubaliana naye. Alikuwa anamlinda mtu aliyemwamini akafungua mdomo mbele ya kamera.

Kisha ikaja Dworzec (Kituo), 1980. Walikuwa wakirekodi usiku katika kituo kikuu cha treni cha Warsaw. Waliporudi studio polisi wakachukua kanda zote. Msichana mmoja alikuwa amemuua mama yake, akaificha maiti ndani ya masanduku na kuyaacha kwenye makabati ya mizigo pale kituoni, na polisi walitarajia kumwona kwenye picha. Hakuwamo. Lakini je, kamera ingegeuzwa upande wa pili dakika ile? Kieślowski angekuwa amewafanyia polisi kazi bila kujua wala kutaka. Baadaye alieleza kwamba hapo ndipo alipojua hataki tena kutengeneza filamu za aina ile. Alisema pia kwamba machozi ya kweli yanamtisha, kwamba hana hakika kama ana haki ya kuyapiga picha, na kwamba ni heri mwigizaji mwenye matone ya gliserini machoni. Kuna wanaouita huo woga. Mimi naita adabu, na sijui kwa nini tunaona haya kulitumia neno hilo tunapozungumza sanaa.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba yapo machozi ambayo lazima yarekodiwe. Penye mauaji ya raia, picha ni ushahidi. Sawa. Nakubali pia kwamba ile filamu nyeupe inapwaya, na kwamba zile alizozitengeneza Ufaransa wakati mwingine zimerembwa kupita kiasi.

Lakini tazama alichokipata baada ya kuacha. Katika ile ya bluu, Juliette Binoche ni mjane aliyelazwa hospitalini, anatazama mazishi ya mumewe na bintiye kwenye televisheni ndogo kabisa, na kidole chake kinagusa jeneza kwenye kioo. Ni mazishi yaliyorushwa hewani, yaani kitu kilekile alichokataa kukifanya, na safari hii tumewekwa upande wa mfiwa.

Na wanaosema alikimbia siasa wakaitazame filamu yake ya 1988 kuhusu kuua, aliyoiandika na Krzysztof Piesiewicz, mwanasheria. Kijana anamuua dereva wa teksi polepole, kwa ukatili usiovumilika. Kisha serikali inamnyonga kijana huyo, nayo bila kutuondolea chochote, mpaka winchi ya kamba ya kunyongea na trei iliyowekwa chini ya miguu yake. Adhabu ya kifo ilikuwa bado ni sheria ya Poland. Hakuna makala ambayo ingeingia chumba kile, na hata ingeruhusiwa, mtu anayeelekea kufa asingekuwa na namna ya kuikatalia kamera. Mirosław Baka, aliyemwigiza kijana yule, alikuwa ameisoma hadithi yote na kuikubali.