Mwanariadha wa Ugiriki ya kale: wa ridhaa au wa kulipwa?

Mwaka 1913 Jim Thorpe, Mmarekani aliyekuwa ametwaa medali mbili za dhahabu Stockholm mwaka mmoja kabla, alinyang'anywa zote mbili. Kosa lake ni kwamba mwaka 1909 na 1910 alicheza besiboli North Carolina kwa ujira mdogo. Wakenya Kipchoge Keino na Ben Jipcho nao, walipojiunga na mbio za kulipwa za Marekani katika nusu ya kwanza ya miaka ya 1970, walijua kwamba Olimpiki wameipa mkono wa buriani. Kanuni hiyo ya ridhaa ilitetewa kwa hoja ya kihistoria: Wagiriki wa kale, wenye Olimpiki yao, walishindania taji la majani na heshima tu, na fedha zilipoingia ndipo michezo ikaoza.

Mwanahistoria Mwingereza E. Norman Gardiner aliieneza hoja hiyo kwa nguvu mwanzoni mwa karne ya 20. Mwaka 1984 Mmarekani David Young akaibomoa, akionyesha kwamba Wagiriki hawakuwa hata na wazo la mchezaji wa ridhaa. Tangu hapo wengi wamehamia upande wa pili kabisa, na siku hizi ni kawaida kusoma kwamba bingwa wa Olympia hakutofautiana na mchezaji wa ligi kubwa mwenye mkataba wake. Young alikuwa sahihi kuhusu fedha. Hitimisho hili jipya, hata hivyo, limeupita ushahidi. Tunapaswa kuuliza nani alilipa, alilipia nini, na nani aliweza kufika mahali pa kulipwa.

Upande wa ridhaa haukubuni kila kitu. Mashindano makubwa manne yalitoa taji tupu: Olympia mzeituni mwitu, Delphi laureli, Isthmia karibu na Korintho msonobari, na Nemea selari mwitu. Olympia na Delphi yalifanyika kila miaka minne, mengine mawili kila baada ya miaka miwili. Hapakuwa na fedha mezani, na aliyeshika nafasi ya pili hakupata chochote, hata jina lake kuandikwa.

Gharama ya kufika huko ilikuwa kubwa. Mshindani wa Olympia alitakiwa awe Elis, mji uliosimamia michezo, mwezi mzima kabla ya tamasha, afanye mazoezi chini ya macho ya waamuzi. Akifika Olympia alisimama mbele ya sanamu ya Zeus wa Viapo, juu ya vipande vya nyama ya nguruwe dume, akaapa kwamba kwa miezi kumi mfululizo amefuata kanuni zote za mazoezi. Baba yake, ndugu zake na wakufunzi wake nao waliapa kwamba hawatafanya hila. Muda wote huo mtu halimi wala hafanyi biashara. Anakula, anamlipa mkufunzi na kulipa nauli ya chombo, kwa ajili ya mbio za urefu wa uwanja, mita 192 hivi, ambazo zinakwisha kabla ya nusu dakika. Mwanahistoria wa Kigiriki Herodotus anasimulia kwamba mwaka 480 KK, katikati ya vita, mkuu mmoja wa Kiajemi aliposikia kwamba Wagiriki wako kwenye michezo na kwamba zawadi ni taji la mzeituni, alimlaumu jemadari wao Mardonius kwa kuwaleta kupigana na watu wanaoshindana si kwa fedha bali kwa ubora. Masimulizi hayo yalilenga kuwapendeza wasikilizaji wa Kigiriki, nayo yanatuonyesha jinsi walivyopenda kujitazama.

Sasa upande wa fedha. Mwandishi Plutarch anaandika kwamba Solon, mtunga sheria wa Athens, aliagiza mji wake umlipe mshindi wa Olympia drakma 500 na wa Isthmia drakma 100. Kiwango hicho kichukuliwe kwa tahadhari, kwa sababu Plutarch aliishi karne saba baada ya Solon. Lakini jiwe la sheria la Athens la karne ya 5 KK linathibitisha jambo jingine: washindi wa mashindano manne makubwa walipewa chakula cha bure katika jumba la serikali maisha yao yote. Ndiyo maana mwanafalsafa Socrates mwaka 399 KK, alipotakiwa na mahakama ajipendekezee adhabu, alisema anastahili chakula hicho kuliko mtu aliyeshinda Olympia kwa farasi.

Na kulikuwa na mashindano yaliyotoa mali waziwazi. Athens iliendesha tamasha la Panathenaia, na jiwe la mwanzoni mwa karne ya 4 KK linaorodhesha zawadi zake kwa mitungi ya mafuta ya zeituni. Mstari wa mbio za wanaume umevunjika, ila wa wavulana unasomeka: mshindi wa mbio fupi anapata mitungi 50, wa pili 10. Mtungi mmoja ulichukua lita 36 au zaidi, kwa hiyo mvulana mmoja aliondoka na lita 1,800 hivi. Makadirio ya bei ni drakma 12 kwa mtungi, yaani jumla ya drakma 600, wakati mwashi stadi aliyejenga hekalu la Erechtheion mwishoni mwa karne ya 5 alilipwa drakma moja kwa siku. Hiyo ni thamani ya siku 600 za kazi ya fundi, kwa mtoto. Mafuta mengi kiasi hicho hayawezi kuwa ya kujipaka tu. Mshindi aliruhusiwa kuyauza nje ya nchi, na mitungi ya Panathenaia imefukuliwa Italia, Libya na pwani za Bahari Nyeusi.

Ushahidi unaonishawishi zaidi ni hesabu za Theagenes wa Thasos, bondia wa nusu ya kwanza ya karne ya 5 KK. Maandishi ya Delphi yanamsifu kwamba kwa miaka 22 hakushindwa ngumi, na yanampa ushindi 1,300. Mashindano manne ya taji yalikuwa sita tu katika kila kipindi cha miaka minne, kwa hiyo miaka 22 inatoa nafasi zipatazo 33. Na kweli, ushindi wake wa taji unafika 23 au 24. Uliobaki, hata tukisema kila pambano limehesabiwa peke yake, aliupata katika tamasha za miji mingine, ambako zawadi zilikuwa fedha, vyombo vya shaba, nguo au mafuta. Mtu wa namna hiyo alikuwa na kazi, na kazi yake ilikuwa ngumi.

Je, Olympia ilichukizwa na hilo? Hapa ndipo hoja ya Gardiner inapovunjika kabisa, na kisa cha Apollonius wa Alexandria kinaonyesha kwa nini. Mwaka 93 BK bondia huyo alichelewa kufika Elis. Alijitetea kwamba upepo wa mbisho ulimzuia katika visiwa vya Cyclades. Mwenzake wa Alexandria, Herakleides, akamwambia mwamuzi ukweli: Apollonius alikuwa akizunguka michezo ya Ionia, pwani ya magharibi ya Uturuki ya leo, kukusanya zawadi za fedha. Waamuzi wakamtoza faini yeye na wengine waliochelewa, Herakleides akavishwa taji bila kupigana. Apollonius akajifunga kamba za ngozi mikononi kana kwamba anapanda ulingoni, akamrukia Herakleides aliyekwisha kuvaa taji na kukimbilia kwa waamuzi. Tazama vizuri kosa lenyewe. Aliadhibiwa kwa kuchelewa na kusema uongo, si kwa kupokea fedha. Laiti angewahi, hakuna ambaye angemuuliza juu ya mfuko wake.

Adhabu nyingine za Olympia zinafuata mkondo huohuo. Mwaka 388 KK Eupolus wa Thessaly aliwahonga mabondia watatu, mmoja wao bingwa wa michezo iliyotangulia. Kwa faini zao zilitengenezwa sanamu sita za shaba za Zeus, zikasimamishwa kando ya njia ya kuingilia uwanjani ili kila mshindani apite mbele yake. Mwaka 332 KK Kallippos wa Athens aliwahonga wapinzani wake wa michezo mitano, yaani pentathlon, shindano moja lenye michezo mitano ndani yake. Athens ikamtuma Hypereides, msemaji wake hodari, kuombea msamaha. Ikakataliwa, nayo ikagoma kulipa mpaka mtabiri wa Delphi alipotangaza kwamba hataijibu Athens swali lolote kabla faini haijalipwa. Kununua mechi kulikuwa dhambi kwa Zeus, kushinda na kulipwa kwingine hakukuwa.

Watetezi wa ridhaa hupenda kusema kwamba hizi ni dalili za kuoza kwa karne za baadaye. Tarehe hazikubali. Theagenes ni wa enzi ileile ya mshairi Pindar, ambayo Gardiner aliiona kuwa kilele cha usafi. Astylos wa Croton, mji wa Kigiriki kusini mwa Italia, alishinda mbio mwaka 488 KK kwa jina la mji wake, kisha mwaka 484 na 480 akajitangaza raia wa Syracuse, kisiwani Sicily, ili kumpendeza mtawala wa huko. Watu wa Croton wakaiangusha sanamu yake na kuigeuza nyumba yake gereza. Kuhama timu ni jambo la zamani sana. Angalia pia nani aliyekasirika: mji uliopoteza heshima, wala si waamuzi.

Hapo ndipo ninapoachana na wanaosema mwanariadha wa Ugiriki alikuwa sawa na mtu wa kulipwa wa leo. Kwanza, ni nani hao waliofika? Wanaotaka kuonyesha kwamba fukara naye alipata nafasi wana ushahidi wa kweli. Mwanafalsafa Aristotle ananukuu shairi la mshindi wa Olympia ambaye zamani alibeba samaki begani kutoka Argos hadi Tegea. Katika hotuba ya msemaji Isocrates inasemwa kwamba Alcibiades, mwanasiasa tajiri wa Athens, aliikwepa riadha kwa sababu baadhi ya wanariadha walikuwa watu wa ukoo duni, akachagua farasi, akaingiza magari saba mwaka 416 KK. Lakini shairi la mbeba samaki lilikumbukwa kwa sababu kisa chenyewe kilishangaza. Upande wa pili inasimama familia ya Diagoras wa Rhodes, bingwa wa ngumi wa mwaka 464 KK: ukoo wa watawala, wana watatu mabingwa wa Olympia, na mmoja wao, Dorieus, aliyeshinda mara tatu katika pankration, pambano lililochanganya ngumi, mateke na mieleka, baadaye akawa kamanda wa manowari. Mtafiti Mholanzi H. W. Pleket ametetea kwa uzito kwamba matajiri hawakuiacha riadha wakati wowote, na naona ana haki.

Sababu yake ni ya kivitendo. Mitungi 50 inamwinua mvulana baada ya kushinda. Kabla ya hapo lazima mtu amlishe na kumlipia mkufunzi. Barua za Zenon, wakala wa waziri wa fedha wa Misri, za katikati ya karne ya 3 KK, zinatuonyesha njia ilivyokuwa. Alikuwa akigharimia mazoezi ya mvulana Pyrrhos huko Alexandria, akaagiza kwamba aendelee kufunzwa iwapo tu ushindi wake ni wa hakika, vinginevyo gharama ni hasara. Kipaji kisicho na baba tajiri kilihitaji mfadhili, na mfadhili alipiga hesabu. Mbio za magari ya farasi zilionyesha nguvu ya mali waziwazi zaidi, kwa kuwa taji lilikwenda kwa mwenye farasi, si kwa dereva. Ndivyo Kyniska, binti wa mfalme wa Sparta, alivyoshinda mwaka 396 na 392 KK katika michezo isiyomruhusu mwanamke kushindana uwanjani.

Pili, malipo yenyewe hayakuwa mshahara. Katika enzi ya Roma kila kitu kiliwekwa kwenye maandishi, na huko tofauti inaonekana waziwazi. Orodha ya zawadi ya Aphrodisias, mji wa Asia Ndogo, ilitenga denari (sarafu za Kirumi) 3,000 kwa pankration, 1,250 kwa mbio fupi na 500 tu kwa michezo mitano, kulingana na kilichovuta watazamaji. Mwaka 134 BK Kaizari Hadrian alipanga upya kalenda nzima ya mashindano, akakataza miji kuhamishia fedha za michezo kwenye matumizi mengine, na akaagiza zawadi ihesabiwe mapema, itiwe kwenye mfuko wenye lakiri, uwekwe kando ya taji, na mshindi auchukue palepale mbele ya umati. Agizo la namna hiyo halitolewi ila pale ambapo waandaaji wamezoea kupunja. Mashindano ya fedha, basi, yalikuwa biashara kamili.

Mashindano matakatifu ya taji yalibaki na utaratibu mwingine. Mshindi alirudi kwao, akaingia mjini kwa maandamano, na mji ukaanza kumlipa posho ya kila mwezi. Maandishi ya mafunjo ya Hermopolis, mji wa Misri, ya karne ya 3 BK yanataja drakma 180 kwa mwezi. Pliny, alipokuwa gavana wa jimbo la Roma la Bithynia karibu mwaka 111 BK, alimwandikia Kaizari Trajan kwamba wanariadha wanadai posho ianze siku waliyovishwa taji. Trajan akajibu kwamba inaanza siku mshindi anapoingia mjini kwake. Bingwa wa Olympia aliyechelewa njiani miezi miwili alipoteza posho ya miezi miwili, kwa sababu kisheria mji haukuwa ukilipia mbio alizokimbia Olympia. Ulilipia taji lililofika langoni kwake.