Cha Tatu Ni Mfuko Wako

Mpwa wangu amenirudishia kadi. "Mjomba, umeandika kama notisi ya kukatiwa maji." Mimi! Katibu wa kudumu wa kamati za matanga na harambee mtaa mzima, leo siwezi kukaribisha watu kwenye soda!

Jambo lenyewe ni dogo. Jioni ya kuamkia harusi, wageni wa Nairobi na wa upande wa bwana harusi watapokelewa kwa kinywaji hapa Malindi. Pesa za kamati mnazijua. Walioahidi waliahidi, na simu zao hazipatikani. Kila mgeni ana vinywaji viwili, bia ama soda. Cha tatu ni mfuko wake. Haya, liseme hilo kwenye kadi yenye maua ya dhahabu.

Niliandika "Baa itakuwa wazi kwa kiasi." Kaka yangu akauliza kama mlango utafunguliwa nusu. Mchungaji akataka tuongeze "maji yapo tele", na mifereji yenyewe inakohoa hewa tangu juzi. Mchungaji!

Kisha kadi ikamfikia babu ya bibi harusi. Alivaa miwani, akasoma mbele, akageuza akasoma na nyuma pasipo na kitu.

"Hiki kinywaji ni chupa ama glasi?"

"Chupa, mzee."

"Na mnazi, usio na chupa?"

Nikamwambia mnazi haumo. Akavua miwani. "Siku ya posa, kadzama ya mnazi ilipoletwa, aliyeipima ni nani?"

Sikujibu. Wewe ungejibu nini?

"Haya. Mimi daktari amenikataza bia. Viwili vyangu vinakwenda wapi?"

"Haviendi popote, mzee. Ni tiketi tu."

"Basi nawadai." Akaanza vidole: shangazi hanywi, mke wa mwanawe wa pili ameokoka, mashemeji Waislamu watapiga soda moja wawahi swala ya Isha. Vidole vikamwishia, akahamia vyangu. "Hizo zilizobaki nipe mimi nizisimamie."

Nikamwona waziwazi, mzee wangu wa heshima, kwenye kiti chake pale mlangoni, bakora magotini, anawauzia vijana wa Nairobi tiketi za bia.

"Mzee, tiketi hazihamishwi."

"Umeandika wapi?"

Ikabidi niandike. Halafu nikaandika kuhusu watoto. Halafu kuhusu mnazi, kwamba utaletwa na babu kwa gharama zake, utagemwa asubuhi na kuisha usiku huo huo, kwa sababu sitaki mtu alaze dumu nyumbani kwangu liniamkie siki. Kadi sasa ni ndefu kama hati ya shamba, na kijana wa kuchapisha anasema maua yatoke ama babu atoke.

Mji huu huu! Mwaka 1498 Vasco da Gama alitia nanga hapa, mfalme wa Malindi akampokea vizuri, akampa hata rubani wa kumvusha hadi India. Hakuna aliyempa tiketi mbili. Na mwaka uliofuata akarudi, tena akasimamisha nguzo. Sisi wageni wetu ni wa wikendi moja, na tayari mmoja amenipigia kuuliza kama nauli ya tuktuk kutoka steji iko ndani ya zile mbili.

Halafu kuna barafu. Stima ikikatika saa moja usiku, na itakatika, bia moto hainyweki hata ya bure. Friza ni la jirani, limejaa changu na pweza wa biashara yake. Anasema soda zitakaa tu, zikinuka si yeye. Anataka mwaliko, yeye na mke, na wale vijana wake wa mashua, na hao nimewaona Jumamosi wakinywa. Nimemwambia nitaangalia orodha. Ameanza kutoa kreti nje, moja moja, huku ananiangalia.