Tope la Luiche nalo ni uchafuzi

Mvua kubwa ya kwanza inaponyesha Kigoma, mara nyingi Oktoba ikielekea ukingoni au Novemba ikianza, huwa naenda kwenye daraja la Mto Luiche na chupa tupu ya lita moja na nusu, naijaza maji ya mto, kisha naiweka dirishani nyumbani Ujiji hadi asubuhi. Jioni maji hayo huwa na rangi ya chai ya maziwa. Kunapokucha, sehemu ya juu huwa imeanza kupauka na kuwa ya manjano, na chini huwa limetuama tope jekundu, laini kama uji wa mtoto, lenye unene wa penseli. Tope hilo lilikuwa shamba la mtu mahali fulani huko juu, upande wa Kalinzi na Manyovu, na wiki moja kabla lilikuwa limekwisha kulimwa likisubiri maharage.

Tunapozungumzia uchafuzi wa maji mkoani kwetu, mazungumzo huanzia kwenye chupa za plastiki zinazoelea kwenye mwalo wa Kibirizi, yakapitia mafuta ya injini za boti, yakaishia kwenye vyoo vya shimo vilivyochimbwa karibu mno na ufukwe. Yote hayo ni kweli na yananiumiza. Hata hivyo, kwa miaka ambayo nimekuwa nikiitazama mito hii inayoshuka kutoka milima ya kaskazini, nimeamini kwamba mchafuzi wake mkubwa ni udongo, na kwamba tunauacha uendelee kwa sababu hautoi harufu na hauna mwenye kiwanda wa kunyoshewa kidole. Mtu akimwaga ndoo ya mafuta machafu mtoni watu watapiga kelele, lakini mlima mzima ukishuka mtoni katika msimu mmoja tunasema tu kwamba mwaka huu mvua imekuwa nzuri.

Jambo hili lina uzito wa pekee kwetu kwa sababu ya namna Ziwa Tanganyika, ambako mito hii huishia, lilivyo. Lina kina cha mita 1,470, la pili duniani baada ya Baikal, na limebeba karibu sehemu moja ya sita ya maji baridi yote yaliyo juu ya uso wa nchi bila kuganda. Watu wakisikia hivyo hudhani kwamba ziwa kubwa kiasi hicho haliwezi kuchafuka. Lakini mto unaotoka ziwani ni mmoja tu, Lukuga, upande wa Kongo, na sehemu kubwa kabisa ya maji yanayoondoka huondoka kwa mvuke. Mvuke haubebi tope wala chumvi wala mbolea. Kinacholetwa na mito yetu hubaki humu humu, na maji yenyewe huchukua mamia ya miaka kabla ya kubadilishwa na mengine. Isitoshe, samaki hawaishi katika kina chote hicho. Chini ya mita 100 hivi upande huu wa kaskazini, hewa ya oksijeni karibu haipo kabisa, kwa hiyo uhai wote tunaoujua, kuanzia dagaa na migebuka hadi kuhe, umejikusanya katika tabaka jembamba la juu, na sehemu yenye aina nyingi zaidi za viumbe ni ule ukanda mwembamba wa mawe ulio kando ya ufukwe. Hapo ndipo mito midogo inapomwaga mzigo wake.

Wengi hushangaa nikisema kwamba simwogopi sana Malagarasi. Ndio mto mkubwa kuliko yote inayoingia ziwani kutoka upande wetu, na unakusanya maji ya sehemu kubwa ya Tabora na Kigoma, lakini kabla ya kufika Uvinza na kushuka kuelekea Ilagala, hupita katika mabwawa mapana ya Malagarasi na Muyovozi, yenye hekta zipatazo milioni 3.25, ambayo mwaka 2000 yaliandikishwa kuwa eneo la kwanza la Tanzania chini ya mkataba wa Ramsar wa kulinda ardhi oevu. Mafunjo na matete ya huko hufanya kazi ambayo hakuna mtambo tungeweza kuujenga: maji hupunguza mwendo, tope hutua, na mbolea huliwa na majani. Nina hofu juu ya chujio hilo, kwa kuwa mashamba ya tumbaku ya Urambo na Kaliua yanakula kuni za kukaushia na kuweka vitalu vyake kando ya maji, huku mpunga na mifugo vikizidi kusogea ndani ya mbuga za maji. Lakini angalau lipo.

Vijito vya kaskazini ya mji, kuanzia mlango wa Kigoma hadi Kagunga mpakani na Burundi, havina chujio lolote. Vinashuka kutoka ukingo wa Bonde la Ufa kama maji yanayomwagwa kutoka kwenye bati, na baada ya kilomita chache tu viko ziwani. Anayetaka kuona ninachosema apande boti ya abiria baada ya mvua, aangalie rangi ya maji mbele ya Gombe, ambako msitu umehifadhiwa kama hifadhi ya taifa tangu 1968, kisha aangalie mbele ya Mwamgongo, kijiji kinachopakana nayo kwa kaskazini, ambako watu wengi wamebanwa kwenye bonde moja na hawana pa kulima ila kwenye mteremko. Watafiti wa ziwa walichimba matope ya chini ya maji katika sehemu hizo mbili na kuyalinganisha, na mteremko uliokatwa miti ulionekana wazi ndani ya mashapo hayo. Samaki wengi wa ukanda ule wa mawe wanaishi kwa kukwangua utando wa kijani unaoota juu ya jiwe. Jiwe likifunikwa na tope, utando hukosa mwanga, na samaki hana chakula wala mahali safi pa kutagia. Wengi wa samaki hao hawapatikani penginepo duniani.

Tope hilo hilo linaingia pia majumbani mwetu. Katika msimu mmoja wa mvua bomba la mtaa tulioishi lilitoa maji ya kahawia kwa siku tisa, na ofisi iliyohusika ilitujibu kwamba maji yametiwa dawa, tusiwe na wasiwasi. Jibu hilo lilinikasirisha wakati ule na linanikasirisha hadi leo, kwa sababu dawa haifanyi kazi hivyo. Klorini ikikutana na maji yenye tope, hujimaliza kwa kupambana na tope lenyewe, na vijidudu hujificha ndani ya chembe za udongo mahali ambapo dawa haiwafikii. Ndiyo maana Shirika la Afya Duniani linataka kiwango cha tope kisizidi 5 kwa NTU, yaani kipimo cha ukungu wa maji, na kwa maji yanayotiwa klorini linashauri kiwe chini ya 1. Mama mmoja anayeanika dagaa Kibirizi alinieleza kwa ufupi zaidi kuliko kitabu chochote: "Mwalimu, kidonge nikitia kwenye maji mekundu naona nimemwaga kidonge. Kwanza natia shabu, nasubiri, ndipo natia kidonge." Yeye anajua: shabu hutuliza tope kwanza. Mei 2015, kipindupindu kilipolipuka Kagunga kati ya wakimbizi waliokuwa wakitoka Burundi, watu wa mwambao huu walijifunza kwa uchungu kwamba maji ya ziwa yanayoonekana masafi yanaweza kuua. Sasa fikiria maji yasiyoonekana hata masafi.

Sheria tunayo. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu za kibinadamu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto au ziwa, na Bodi ya Maji Bonde la Ziwa Tanganyika ina makao yake hapa hapa Kigoma. Ninaiheshimu sheria hiyo, lakini kwa maoni yangu inatufanya tuutazame ukingo peke yake. Mita 60 kwenye uwanda wa Luiche chini ni ukanda wa maana. Mita 60 chini ya mteremko mkali wa Kalinzi, ambao umechomwa moto Agosti na kubaki mtupu hadi mvua ya kwanza, haziwezi kuzuia kitu. Ni mteremko wenyewe unaohitaji matuta ya kukinga maji, majani ya kushika udongo, na moto usiowashwa. Na pale ukingoni, wanaofyatua matofali na wanaochemsha chikichi kando ya kijito, mabaki ya mafuta yakirudi majini, hawakuchagua mahali hapo kwa ukaidi: kazi zote mbili zinahitaji maji, na hakuna aliyewaonyesha mahali pengine penye maji.

Kinachonisumbua zaidi ni nani anayebeba gharama. Kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti 2024 uvuvi ulisimamishwa katika ziwa lote ili samaki wapumzike, na wavuvi wa dagaa, pamoja na wanawake wanaokaanga na kuanika, walikaa miezi mitatu bila kipato walichokizoea. Sikupinga hatua hiyo. Samaki walikuwa wamepungua, na sababu si nyavu peke yake: utafiti uliochapishwa mwaka 2003 ulionyesha kwamba kuongezeka kwa joto kumepunguza mchanganyiko wa maji ya juu na ya chini, na hivyo chakula cha samaki. Joto hilo hatuwezi kulizima kutoka Kigoma. Tope tunaweza. Mwaka huo huo wa 2003 nchi nne za ziwa hili zilitia saini Dar es Salaam mkataba wa kulisimamia kwa pamoja, na ndani yake mmomonyoko na mashapo vimetajwa kwa jina. Hata hivyo mvuvi aliombwa asimamishe chombo, na huko juu sikusikia mteremko hata mmoja ukiombwa upumzike.

Ninachoomba si mradi mkubwa. Naomba tope lipimwe wakati linaposhuka, yaani wiki ile ya mvua ya kwanza, badala ya kupimwa kiangazi wakati kila mto unaonekana mtakatifu. Kipo kifaa rahisi, mrija mrefu wa plastiki unaopitisha mwanga, wenye alama nyeusi chini yake. Unamimina maji polepole hadi alama isionekane, kisha unasoma urefu. Mwanafunzi wa kidato cha kwanza anaweza kukitumia. Shule za sekondari zilizo kando ya Luiche, Mungonya na Mkuti zikipima kila asubuhi mwezi Novemba wote, kufikia Desemba tutajua ni kijito kipi kinacholeta mzigo mkubwa, na mtaalamu wa kilimo atajua aanze kupanda mlima upi. Namba hizo zisiishie kwenye faili. Ziandikwe kwa chaki kwenye ubao pale mwaloni Kibirizi, jirani na mizani ya dagaa, ili yule mama wa shabu azione kabla hajajaza dumu lake.