Kisiwa changu kilikuwa na kalenda nzuri kupita kiasi

Kalenda ya kwanza niliyokitungia kisiwa changu cha kubuni ilikuwa haina kasoro. Miezi 10, kila mwezi siku 36, juma la siku 6. Kila mwezi ulianza siku ileile ya juma, hakuna mwezi mfupi, hakuna mwaka mrefu. Niliichora kwenye daftari kwa kalamu mbili, nyekundu na bluu, nikaibandika ukutani. Kisha nikaanza kuandika hadithi yenyewe, na nilipofika ukurasa wa ishirini hivi nikaona jambo la ajabu: hakuna mtu hata mmoja kisiwani aliyewahi kuuliza leo ni tarehe ngapi. Hawakuwa na haja ya kujua.

Sisi tunaotunga dunia za kubuni tunapenda kuanzia kwenye majina. Mwezi wa Moshi, Mwezi wa Nyoka, Siku ya Mizimu. Tukishapanga majina tunadhani kazi imekwisha. Mimi naona kosa kubwa zaidi ni kuipa dunia nzima kalenda moja, tena iliyonyooka. Mji wa kweli hauna kalenda moja.

Tazama juma letu wenyewe. Jumamosi ni ya kwanza, Jumapili ya pili, unahesabu hivyo mpaka Jumatano, ya tano. Halafu inakuja Alhamisi, neno ambalo asili yake ya Kiarabu nayo ni "ya tano". Tuna tano mbili zimekaa jirani, na sita haipo kabisa! Jumatano tumeihesabu wenyewe kuanzia siku inayofuata Ijumaa. Alhamisi tumeipokea na hesabu yake, inayoanzia Jumapili. Hesabu mbili zimekutana katikati ya juma na hakuna aliyeona haja ya kuzipatanisha. Ningeandika kitu kama hicho kwenye hadithi, mhariri angeniambia nimekosea.

Na usiku je? Kwa hesabu ya zamani siku inaanza jua linapozama, kwa hiyo usiku wa Ijumaa ni ule unaoitangulia Ijumaa, ambao kijana wa leo anauita Alhamisi usiku. Ndiyo maana watangazaji wanalazimika kusema "usiku wa kuamkia Ijumaa". Wapendanao wawili wakiahidiana kukutana usiku wa Ijumaa, mmoja kalelewa na bibi yake na mwingine kalelewa na redio, hadithi imeshaanza.

Miezi nayo ni hivyo hivyo. Mzee wa pwani anaweza kukwambia Maulidi ni Mfunguo Sita, maana anahesabu tangu watu walipofungua saumu ya Ramadhani. Anajua ibada zake kwa mwezi mwandamo. Kodi ya nyumba analipa kwa mwezi wa Kizungu. Na waliomtangulia, wakulima na manahodha, walikuwa na mwaka wa tatu: ule unaoanzia Nairuzi, siku yake ya mwaka mpya, wenye siku 365, uliogawanywa kwa miongo, yaani makumi ya siku. Miongo 36, na siku 5 za ziada mwishoni. Makunduchi, Unguja, bado wanaukaribisha mwaka huo kwa Mwaka Kogwa kila Julai. Kwa hesabu yake ya asili mwaka huo hauna siku ya nyongeza, kwa hiyo kila miaka 4 unarudi nyuma siku 1 dhidi ya jua.

Makumi hayohayo ya siku yalijaribiwa Ufaransa baada ya mapinduzi. Mwaka 1793 walianzisha kalenda mpya: miezi 12 ya siku 30, juma la siku 10, na majina mazuri mno, mwezi wa ukungu, mwezi wa upepo, mwezi wa kuchipua. Ilipofika Januari 1806 ilikuwa imefutwa. Mshairi aliyeyabuni majina hayo, Fabre d'Églantine, alikatwa kichwa Aprili 1794, ndani ya mwezi aliouita yeye mwenyewe wa kuchipua. Mtunzi asingethubutu.

Kwa nini mwongo wa pwani ulidumu na juma la Paris likafa? Nadhani ni kwa sababu mwongo haukumfukuza mtu. Mkulima aliutumia kujua lini apande, na Ijumaa yake ikabaki palepale. Wale wa Paris waliitaka Jumapili iondoke, na anayefanya kazi siku 9 ndipo apumzike huku zamani alifanya 6 hahitaji kuelezwa kwamba ameibiwa.

Basi nikaibandua ile karatasi ukutani. Sasa wavuvi wa kisiwa changu wanahesabu kwa bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana, na maji mafu, yanapojaa na kupwa kidogo. Wakulima wana miongo yao. Karani wa ushuru wa chumvi ana miezi ya siku 30 kamili, aliyoletewa kutoka bara, na haamini kitu ambacho hakimo daftarini. Miaka haina namba. Inaitwa kwa yaliyotokea, kama wazee wetu wanavyosema fulani alizaliwa mwaka wa njaa, au mwaka wa vita.

Swali la tarehe likaanza kuulizwa siku hiyohiyo. Mvuvi mmoja alikopa chumvi na kuahidi kulipa mwezi ukiandama. Jioni yenyewe wingu likatanda. Kila anayekumbuka mabishano ya Idi, nyumba mbili zinazogawana ukuta, huku wanakula pilau, kule bado wamefunga, anajua nilikoipata sehemu hii. Karani anasema mwezi umetimia, deni limeiva, na kila siku inayopita ina faini. Mvuvi anasema mwezi haujaonekana, na kisichoonekana hakijafika. Halafu mkopeshaji mwenyewe akaleta mashahidi wawili walioapa kwamba waliuona kupitia upenyo wa wingu.

Nimekwama hapo wiki mbili sasa, na sijui nimpe nani ushindi. Mmoja wa mashahidi hao ana mtoto wa jicho, na kisiwa kizima kinalijua hilo.