Kishikwambi Kimejaa, Mkwe Yuko Leveli ya 847

Wanachama wa kikoba chetu cha kuweka na kukopa wameshatulia, mweka hazina kafungua sanduku, mwenyekiti kaniambia, "Mheshimiwa katibu, tusomee marejesho." Nikasimama. Nikakohoa kidogo, kile kikohozi cha mtu mwenye taarifa. Nikagusa faili. Kishikwambi kikaniandikia kwamba nafasi imejaa. Faili halifunguki, na likifunguka halihifadhi. Nikawaambia mtandao unasumbua, wote wakaitikia kwa huruma, maana hapa mjini hiyo ndiyo sababu pekee isiyodaiwa ushahidi.

Sasa nieleweke. Hicho kishikwambi si cha serikali. Baada ya sensa ya 2022 walimu waligawiwa vile vilivyotumika kuhesabia watu, na jirani yangu mwalimu anacho, amekivalisha kava na mtoto haruhusiwi hata kukipumulia. Changu ni mtumba wa Dubai, nilikinunua Kariakoo kwa pesa yangu. Kwenye boksi wameandika GB 16. Ukikiwasha, mfumo wenyewe umeshajichukulia chake, na kinachobaki ndicho chako wewe, mkeo, watoto, na video za harusi ya mtu ambaye hata hukumchangia.

Nikaingia kwenye mipangilio nione nani kala nafasi. Nyaraka za kikoba, ambazo ndizo kazi iliyonitoa pesa mfukoni, hazifiki hata MB 50. Magemu sasa! Unashusha ukurasa, unashusha, hauishi. Kuna la kukimbia juu ya treni. Kuna la paka anayerudia unachosema, aliyerudia papo hapo, kwa sauti ya kubana pua, nilichomnong'oneza mke wangu wakati mwenye nyumba yuko sebuleni anasubiri kodi. Na ujanja wao ni kwamba gemu likiwa dukani linajiandika MB 90, mtu mnyenyekevu. Likishaingia, ukilifungua tu, linakwambia subiri kidogo nashusha vitu vyangu. Bando la nani? Lako.

Nikatoa tamko rasmi baada ya chakula cha usiku: magemu yote yaliyovamia eneo la kikoba yataondolewa kabla ya watu kulala, na hakuna fidia.

Baraka, wa darasa la pili, akaomba asikilizwe. Ana shamba mle ndani. Ana ng'ombe sita, kuku, na mahindi yanayokomaa saa tatu usiku. "Baba, ukifuta watakufa." Nikamwambia mimi baba yake sina hata kifaranga. Shamba likaenda. Treni likaenda. Paka nilimwondoa mwenyewe, na nikabonyeza kwa nguvu kuliko inavyotakiwa. Neema alikuwa na la kupaka kucha rangi. Hakubisha hata kidogo, akasema, "Futa tu baba," nikajua analo jingine kwenye simu ya mama yake.

Nikafika kwenye la peremende.

Hapa lazima nieleze mpangilio wa sebule. Kwenye kochi la dirishani alikuwa amekaa mama mkwe. Mama alikuja kutoka Muheza na gunia la machungwa, kwa ajili ya kliniki ya macho, na daktari alimwambia apumzishe macho. Machungwa yaliisha. Mama yupo, na mimi sijasema neno. Usiku tukiona mwanga wa bluu ndani ya chandarua chake tulikuwa tunajua anasoma Zaburi. Mke wangu alishawahi kuniambia nijifunze kwa mama yake namna ya kukesha.

"Nani anacheza hili la kupanga peremende?" nikauliza. "GB moja na ushee!"

Kimya. Baraka akaangalia dari. Neema akamwangalia mama yake. Mama yake akaniangalia mimi, kwa yale macho ya kusema nyamaza ukiwa bado na heshima yako.

"Baba Neema."

"Naam, mama."

"Hilo la peremende limekula nafasi sana?"

"Kidogo tu, mama. Wala si sana."

"Nimesikia umetaja GB."

"Ni GB ndogo, mama."

"Basi lifute, mwanangu. Mimi ni mgeni hapa. Mgeni hawapangii wenyeji vyombo vyao."

Mke wangu akainuka, akaenda jikoni kuosha vyombo ambavyo Neema alishaviosha.

"Mimi nasema tu," mama akaendelea, taratibu, huku anakunja pindo la khanga juu ya magoti, "nimefika leveli ya 847, nimebakiza jeli mbili za kule kona. Lakini futa. Mungu atanipa kingine cha kunishughulisha."

Mwenye mkwe atanielewa. Ile "futa" haina ruhusa ndani yake. Ile ukiitii, habari zinafika Muheza kabla ya basi la kwanza, na zinafika zimeshaongezewa abiria njiani.

Nikatafuta njia ya kiungwana. Nikamweleza kwamba mtu akijisajili kwa akaunti, leveli zake zinatunzwa huko mtandaoni, kwa hiyo hata gemu likiondolewa leo, siku likirudishwa atalikuta palepale alipoliachia. Akasikiliza vizuri sana. Akauliza hiyo akaunti inataka nini. Nikasema barua pepe na nywila.

"Na nywila yangu utaijua wewe?"

"Hapana mama, unaijua wewe peke yako."

"Nikiisahau?"

"Wanatuma ujumbe kwenye barua pepe."

"Ambayo nayo ina nywila."

"Ndiyo, mama."

"Hivi vitu vyenu," akasema, na kikao hicho kikafungwa. Kisha akaongeza, kwa faida yangu, kwamba mke wa mchungaji kule kwao yuko leveli ya 860 na anajitangaza mpaka kwenye mazoezi ya kwaya.

Nikasema basi, walau tumshauri apunguze. Kwa wasioujua, mchezo huo unakupa maisha matano. Ukishindwa, moja linakatika, na linarudi baada ya nusu saa. Kwa hesabu zangu, bibi mwenye macho ya kliniki akishamaliza matano atalazimika kupumzika, hata kama daktari hakumtisha. Nikayasema hayo kwa lugha laini, na mama akacheka. Sijawahi kumwona mama mkwe akicheka hivyo tangu siku ya mahari.

"Nusu saa? Nani anasubiri nusu saa? Mjukuu wangu kanionyesha. Unaingia pale kwenye saa, unasogeza siku mbele, maisha yote yanarudi."

Nikageuka kumwangalia Baraka. Baraka hakuwepo. Pale alipokuwa amekaa kilibaki kitambaa cha kochi, nacho kinaanguka.

"Unasogeza mbele kiasi gani, mama?"

"Inategemea. Siku mbili, wiki. Nikikwama sana, mwezi."

Jamani. Faili langu la kikoba linachukua tarehe ya kifaa chenyewe. Nililitengeneza hivyo kwa ustadi, ili rejesho likipitiliza siku lijipigie faini lenyewe, katibu asionekane ana upendeleo. Kumbe ndiyo maana Mama Shukuru, mwanamke anayelipa kabla hajadaiwa, alisomewa faini ya Novemba na sisi tuko Septemba! Alisimama akaapa kwa jina la marehemu mama yake. Akauliza, "Novemba ipi?" Mwenyekiti akamjibu kwamba kompyuta haiongopi. Mweka hazina akapokea pesa, watu wakapiga makofi kwa uwazi wa hesabu. Na ndiyo maana kila nikifungua tovuti linakuja onyo kwamba haiaminiki, na WhatsApp inanisihi nirekebishe tarehe, nami nikawa nawalaumu wenye mtandao.

"Lakini huwa naurudisha," mama akasema. "Nikikumbuka."

Nikasimama. Nikavuta pumzi ya kutosha hotuba nzima. Jikoni vyombo vikanyamaza, maana mke wangu naye alikuwa anasikiliza. Nikafungua mdomo, na nikajisikia nasema, "Endelea tu mama, jeli mbili si nyingi."

Halafu nikakaa, nikafuta magoli ya Yanga ya msimu mzima.

Ile pesa ya Mama Shukuru imeshaingia kwenye mfuko wa jamii, na mfuko wa jamii umeshakwenda kwenye msiba wa mtu. Nenda wewe kasimame mbele ya kikoba uwaeleze kwamba mwenzao alipigwa faini na peremende.

Hata hivyo, hasira zangu haziko kwa mama. Haziwezi kuwa huko, nina ndoa. Hasira zangu ziko kwenye gemu moja la magari lililokuja na kifaa chenyewe. Sikulileta mimi. Hakuna mtu ndani ya nyumba hii amewahi kulicheza zaidi ya mara ya kwanza, maana ni la kuonjesha, ukimaliza barabara moja linakuomba dola. Mengine yote ukiyagusa yanakupa neno "Ondoa". Hili linakupa "Zima". Nikazima. Picha yake ikatoweka, nikajipongeza, nikarudi kuangalia nafasi: kiduchu! Kilichoondoka ni masasisho yake na takataka zake. Lenyewe limelala kule kwenye sehemu ya mfumo, walikoliweka kiwandani, na sehemu ile hata ungeifagia ikawa nyeupe, wewe mtumiaji huongezewi hata chumba cha kuwekea picha moja ya pasipoti.

Yaani mtu anakuuzia kabati, anaacha makoti yake ndani, na ukiuliza anakwambia unaweza kuyageuza yaangalie ukutani. Nimelipa mimi! Risiti ninayo. Umeme wa kukichaji nanunua mimi, bando nanunua mimi, kioo kilipopasuka hakuna dereva wa yale magari aliyenichangia. Halafu nikigusa "Zima" kinaniuliza kama nina uhakika, kwamba huenda programu nyingine zisifanye kazi vizuri. Programu gani? Kikoba kinategemea mashindano ya magari?

Nikampelekea fundi simu pale kituoni. Akakigeuza nyuma na mbele, akasema, "Mzee, hiyo ya mfumo. Tunaflashi, elfu ishirini, kikiamka kimeamka." Nikamuuliza kisipoamka? Akasema, "Tutakuwa tumejaribu." Nikakichukua.

Neema akanisomea kwamba Ulaya wana sheria ya masoko ya kidijitali, na kuanzia Machi 2024 inayabana yale makampuni makubwa kabisa yamruhusu mtu aondoe programu zilizokuja na kifaa. Nikauliza: kishikwambi kilichotoka Dubai kikafika Mbagala kinahesabiwa raia wa wapi? Akasema baba, mimi nakusomea tu.

Wengine watasema nunua memori kadi. Ninayo. Imo ndani. Picha zinahamia huko bila tabu, magemu yanakataa kuhama, yanadai huko hayapendi. Wengine watasema punguza magrupu. Nitoke grupu la ukoo? Na ile "asubuhi njema" yenye maua na njiwa, inayotumwa na shangazi kila siku kabla ya adhana, nani ataitikia?

Zamani mbona mambo yalikuwa na adabu. Nokia walimweka nyoka kwenye simu mwaka 1997, akala vidoti vyake mpaka akajigonga mwenyewe, mchezo ukaisha, kila mtu akarudi kazini. Nyoka yule hakuwahi kuomba bando wala kukuuliza una umri gani.

Na zamani zaidi ndiyo kabisa. Jioni ile niliondoka nyumbani nikaenda barazani kwa wazee wa bao, nikapumzishe kichwa. Ubao mmoja, mashimo 32, kete 64, na katika uhai wangu sijasikia umejaa. Kila mtu anaanza na kete sita ndani ya nyumba, lile shimo lake maalumu, mbili na mbili kwenye mashimo mawili ya jirani, na 22 mkononi, na namua inaanza, ile hatua ya kuingiza kete za mkononi. Hakuna maisha matano. Ukifungwa unaamka, unampisha mwenzako, na unatukanwa bure bila matangazo katikati.

Ila nao wana tabu zao, nisije nikawapamba. Walikuwa wamesimamisha mchezo wanabishana kama fulani ameichezesha nyumba yake kabla ya wakati, na mzee mwenye kofia ya mkono anadai kuna kete mbili hazionekani. Wakahesabu. Wakahesabu tena. Mmoja akasema ziko chini ya kiti cha mgeni, yaani mimi. Nikainuka, nikakung'uta suruali, nikapekuliwa mifuko na wazee wa rika la baba yangu. Wakakuta kipisi cha penseli na vocha iliyokwishatumika.

Kete zilionekana baadaye, mjukuu wa mtu alikuwa anazinyonya. Wakati huo mimi nilishaacha kuwasikiliza, kwa sababu ng'ambo ya barabara nilimwona muuza kahawa. Huyu bwana ana chenji yangu tangu juzi. Kila siku ananiambia kesho, na leo kapita upande wa pili, birika linalia makaa, uso kaugeuzia kwenye duka la majeneza ambalo hana shida nalo.

"Wee kahawa!" nikamwita.

Akaongeza mwendo.