Ruzuku ya kuhesabu vichwa inazionea shule ndogo za Pangani

Sensa ya 2012 ilihesabu watu 54,025 katika Wilaya nzima ya Pangani, mkoani Tanga, na wametawanyika. Mji uko mdomoni mwa Mto Pangani, upande wa kaskazini. Ukivuka kwenda Bweni unashika njia ya Mwera na Kipumbwi hadi Mkwaja, jirani na Hifadhi ya Saadani. Mtoto wa darasa la kwanza hawezi kutembea kilomita nane asubuhi na nane jioni, kwa hiyo shule ndogo ni lazima ziwepo.

Fedha ndizo hazilijui hilo. Kwa utaratibu wa elimu bila ada ulioanza 2016, ruzuku ya shule ya msingi ni shilingi 10,000 kwa mwanafunzi kwa mwaka. Katika hizo, 6,000 huingia akaunti ya shule na 4,000 hubakizwa kwa ajili ya vitabu. Shule ya watoto 160 inapata 960,000, yaani 80,000 kwa mwezi. Ya watoto 1,500 inapata milioni 9. Nauli ya mwalimu mkuu kwenda halmashauri haipungui kwa kuwa watoto ni wachache, wala bei ya kufuli.

Paa ndilo linaloumia zaidi. Pwani, kutu huanzia kwenye tundu la msumari. Chumvi iletwayo na upepo hukaa chini ya kofia ya msumari, zinki inalika, tundu linapanuka, na kusi likivuma bati linapigapiga mpaka linang'oka kwenye papi. Likiwahiwa ni kazi ya nusu siku: toa msumari, ziba tundu kwa lami, pigilia mpya wenye mpira, juu ya mgongo wa bati, kamwe si bondeni. Lakini 80,000 ikishalipa chaki na karatasi za mitihani, fundi anasubiri mwezi ujao, na masika hayasubiri.

Ujenzi nao una kasoro hiyohiyo. Vyumba vya madarasa vya fedha za UVIKO, yaani mkopo wa kukabiliana na korona, mwaka 2021 vilipangiwa milioni 20 kila kimoja, mjini na kijijini sawa, ilhali saruji ya Mkwaja ina safari ndefu na mto wa kuvuka. Fedha zikibana, mafundi huchota mchanga wa baharini. Chumvi yake hunyonya unyevu, plasta inatoa weupe na kubanduka. Ndani ya lenta, ule mhimili wa zege juu ya milango na madirisha, nondo zinashika kutu, zinavimba na kupasua zege. Huo si uzembe wa kamati ya shule. Wamepewa bei isiyofika kwao.

Kila shule ipewe kwanza kima cha kuanzia, tuseme milioni 2 kwa mwaka, ndipo vichwa vihesabiwe juu yake. Gharama ya chumba ikokotolewe kwa umbali. Na kwa shule za ufukweni, makadirio yaandike wazi bati la geji 28, lililo nene zaidi, badala ya 30, pamoja na mchanga wa mtoni na idadi ya tripu zake, ili fundi asipate mwanya wa kwenda ufukweni na toroli.